Montaji ya filme hapa Goma: mambo ya kujifunza kwa Françoise Bonnot

Bandugu wa Goma munaopiga filme na simu ama kamera ndogo, leo tuongee montaji, ile kazi ya kukata na kuunga vipande vya filme, juu filme nyingi za hapa kwetu zimepigwa vizuri kabisa kisha zinakufia mu ordinatere (kompyuta).

Mujue kwanza huyu mama. Françoise Bonnot, Mfaransa, alizaliwa 1939, akafariki 2018. Mama yake Monique alikuwa pia mtu wa montaji, alikatia muongozaji Jean-Pierre Melville filme, na binti akaanza kama msaidizi wa mama yake. Mu 1970 alipata Oscar ya montaji kwa filme Z ya muongozaji Costa-Gavras, ile iliyotokana na mauaji ya mbunge Grigoris Lambrakis kule Ugiriki mu 1963. Sehemu kubwa ni watu wanahojiwa ofisini, maneno tu, lakini ukianza kuangalia huinuki hata kwenda kunywa maji. Ile ni montaji bandugu!

Sasa kazi yenyewe. Angalia rashi zote, ni kusema vipande vyote ulivyopiga, mbele ya kukata hata kipande kimoja, hata zile unaona ni mbaya, na uandike mu kaye (daftari) dakika na kitu kilichokugusa mara ya kwanza, juu ukirudia mara nyingi macho inazoea na hautasikia tena kitu. Enzi za Bonnot filme ilikuwa utepe kweli, picha 24 kwa sekunde, unakata kwa mkono na kugundisha na skochi, kwa hiyo mtu alifikiri vizuri mbele ya kukata. Leo unabonyeza na kurudisha, sawa, ila ile subira usiitupe.

Tuseme umefilme mzee wa chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kusukuma, anateremsha makala (makaa ya kupikia) toka Kibumba. Anza na sauti. Ile kelele ya gurudumu juu ya mawe ya volkano iingize mapema, wakati picha bado iko kwa mke wake anapuliza moto nyumbani, sekunde moja ama mbili, kisha ndio ukate chukudu itokee. Mtazamaji ameshaisikia, anaitafuta, unamuonyesha. Na usingoje mzee asimame ndio ukate, kata gurudumu likiwa bado linazunguka, jicho linafuata mwendo na halioni mahali ulikata. Pale mteremko ni mkali, goti lake juu ya mbao, weka vipande vifupi, hata nusu sekunde. Akifika mtaa wa Birere hapa mjini anapanguza jasho, muache, usimguse, apumue. Ukikimbiza kila kitu, hakuna tena kitu kinachokimbia.

Kama mzee anakumbuka jambo la zamani, usiweke maandishi wala rangi ya kahawia. Mu Z kumbukumbu za mjane wa ule mbunge zinaingia ghafla, fupi sana, bila maelezo, na unaelewa tu.

Muziki mwisho kabisa, tafadhali. Wimbo mzuri unaficha montaji mbaya, na kesho utaombwa haki za mwenye wimbo.

Kuhusu mashini: DaVinci Resolve, programu ya montaji ya ordinatere, iko na toleo la bure ila inataka ordinatere yenye nguvu, kama yako inachoka tengeneza kopi nyepesi za rashi ukatie hizo. CapCut, programu ya montaji ya simu, inatosha kuanza. Umeme unajua vile uko, washa kuhifadhi kwa otomatiki, na rashi ziweke kwa diski mbili, nyumba mbili tofauti. Ukitaka kukaa karibu na wenye kuijua kazi, kituo cha utamaduni Yole!Africa wanafundisha vijana filme hapa hapa mjini, kaa pembeni yao kama msaidizi, si aibu, Bonnot alianza vile.

Ukimaliza, onyesha mtu ambaye hakuwepo siku ya kupiga. Usimuelezee kitu, na usiangalie ekra (skrini), muangalie yeye. Pale anatoa simu mfukoni, andika dakika, rudi ukate hapo.