Ukialikwa hekalu la Watao: mwongozo kwa Waafrika Mashariki walioko China

Anayefungisha mizigo Guangzhou kwa ajili ya Kariakoo au Eastleigh hukutana na Utao, dini ya asili ya China, kabla hajakanyaga hekalu lolote. Uko chini, karibu na miguu yake: kijisanduku chekundu kilichowekwa sakafuni dukani, chenye vitaa viwili, kikombe cha chai, machungwa na vijiti vya udi. Hayo ni makao ya mungu wa ardhi wa mahali pale. Juu, kwenye rafu inayotazama mlango, mara nyingi utaona sanamu ya mtu mwenye uso mwekundu na ndevu ndefu. Huyo ni Guan Yu, jemadari wa kale ambaye wafanyabiashara humheshimu kwa sababu alikuwa mtu wa kutimiza ahadi. Usirundike katoni mbele ya kijisanduku kile, usikiruke, na usitumie rafu ya juu kuwekea simu au kikokotoo. Mwenye duka huenda asikwambie kitu, lakini kwake umeweka mzigo juu ya meza ya mgeni wake mkubwa.

Wenye maduka hao wengi hawajiiti Watao. Ukiwauliza dini yao watasema hawana. Hata hivyo, siku ya biashara kubwa au mtihani wa mtoto, watakwambia, “Twende hekaluni pamoja.” Hapo ndipo wengi wetu hukwama. Mwislamu au Mkristo hataki kumvunjia heshima mwenyeji, na pia hataki kufanya ibada isiyo yake. Njia ya kutoka ipo, nayo ni kujua tendo lipi ni adabu na lipi ni ibada.

Yaliyo adabu tu

Vaa nguo inayofunika mabega na magoti. Vua kofia ya jua na miwani myeusi. Mtandio wa mwanamke hauna shida. Lango kuu huwa na milango mitatu, nawe pita wa pembeni, kwa kuwa wa kati umeachiwa miungu. Kizingiti ni kirefu kwenda juu, wakati mwingine hufika nusu ya muundi. Kivuke, usikikanyage kamwe wala usikikalie ukisubiri wenzako. Kosa hili ndilo linalofanywa zaidi na wageni, na ndilo linalowaudhi wazee haraka zaidi.

Ndani, usinyooshee sanamu kidole. Ukitaka kuuliza, elekeza kwa kiganja kilichofunguliwa. Usipige picha za sanamu wala za watu wakiwa katika ibada, hata pale pasipo na kibao cha kukataza. Uani kupiga picha kunaruhusiwa.

Kuna jambo moja linalotugeuza kabisa. Kwetu mkono wa kulia ndio wa heshima, na wa kushoto tunauficha. Kwa Watao ni kinyume. Kushoto ni upande wa *yang*, wa uhai, na sura ya 31 ya *Daode Jing*, kitabu chao kikuu, inasema kwamba mambo ya heri hutukuza kushoto na mambo ya msiba hutukuza kulia. Kwa hiyo salamu yao hufanywa hivi: kunja ngumi ya kulia, ifunike kwa kiganja cha kushoto, inua mikono hadi kifuani, inamisha kichwa kidogo. Ukiweka kulia juu, umetoa salamu ya msibani. Salamu hii si ibada. Watu husalimiana hivyo hata barabarani. Kitu chochote unachompa mtu, mpe kwa mikono miwili.

Mtawa au kuhani, mwanamume au mwanamke, mwite *daozhang*. Usimuulize umri. Kwao hilo ni jambo la mwiko, kwani safari yao ni ya kutafuta maisha marefu na miaka haihesabiwi hadharani. Usimuulize pia habari za familia aliyotoka wala kwa nini aliiacha dunia.

Yaliyo ibada

Kuchoma udi, kupiga magoti, kuweka sadaka ya matunda: hayo ni ibada, na hakuna anayelazimishwa. Ukipewa udi, sema “*Xiexie, wo kankan jiu hao*”, yaani asante, nitatazama tu. Kisha simama pembeni mwa ukumbi, mikono mbele, kimya. Mwenyeji ataelewa, hasa ukimweleza kabla ya kufika, si mbele ya madhabahu.

Anayetaka kushiriki afanye hivi. Vijiti ni vitatu tu. Mahekalu mengi siku hizi hutoa vitatu bure mlangoni, kwa hiyo usinunue fungu nene kwa wachuuzi wa nje. Viwashe kwenye taa iliyotengwa. Mwali ukiwaka, uzime kwa kupunga mkono. Usipulize kwa mdomo, kwa sababu pumzi ya mdomo huhesabiwa kuwa chafu mbele ya miungu. Vinyanyue hadi usawa wa paji la uso, inama mara tatu, kisha vichomeke kwenye chetezo kikubwa cha uani kwa mkono wa kushoto, cha kati kwanza, halafu vya pembeni. Nafasi kati yao isizidi *cun* moja, kama sentimita 3. Vikiachana sana husemwa kwamba nia haikukusanyika.

Linaloharibika mara nyingi ni mambo ya kawaida kabisa. Majivu ya vijiti vya wengine hukuangukia mkononi ukinyoosha mkono juu ya chetezo, subiri nafasi. Katika msongamano, shika vijiti vyako juu ya kichwa, ncha zikitazama juu, usije ukamuunguza mtoto. Mwenye pumu asiende tarehe 1 wala 15 za mwezi wa Kichina, kwa maana moshi siku hizo hukaa uani kama ukungu.

Ukumbini kuna mito ya kupigia magoti. Wa katikati uache, ni wa kiongozi wa ibada. Piga magoti kwenye wa pembeni, weka kiganja cha kulia juu ya mto, cha kushoto juu yake kwa mkato wa msalaba, kisha gusa mikono kwa paji la uso. Fanya hivyo mara tatu.

Matunda huwekwa kwa hesabu isiyo shufwa, aghalabu matano. Usipeleke plamu: kwa Kichina plamu ni *li*, na Li ndilo jina la ukoo la Laozi, anayehesabiwa kuwa mwandishi wa *Daode Jing*.

Watawa wa aina mbili

Makundi makubwa leo ni mawili. Kundi la Zhengyi linajinasibisha na Zhang Daoling, ambaye mapokeo yanasema alipokea ufunuo Sichuan mwaka 142. Makuhani wake huoa, hukaa makwao, na nje ya siku za ibada hula nyama. Kitovu chao ni mlima Longhu, Jiangxi. Kundi la Quanzhen lilianzishwa na Wang Chongyang katika karne ya 12. Hao ni watawa hasa: hawaoi, hawali nyama, hufuga nywele na kuzifunga fundo utosini. Hukusanyika ukumbini asubuhi na jioni kuimba maandiko kwa kengele, ngoma na kigogo cha mbao kiitwacho “samaki wa mti”. Mgeni anaweza kusimama mlangoni na kusikiliza ibada hiyo, na kwa maoni yetu ndiyo saa nzuri kuliko zote za kuzuru.

Miaka ya Mapinduzi ya Kitamaduni, 1966 hadi 1976, mahekalu yalifungwa na watawa wakatawanywa. Quanzhen hawakuweza kurejesha sherehe yao ya kuwapa watawa viapo hadi mwaka 1989, katika hekalu la Baiyun Guan, Beijing. Jengo linaloonekana la kale sana mara nyingi lina rangi mpya na watawa vijana, kwa sababu hiyo hiyo.

Ukikaribishwa chakula, hakutakuwa na nyama, kitunguu saumu wala giligilani. Vyote viwili vya mwisho vimo katika orodha yao ya mboga tano kali zinazovuruga pumzi, kwa hiyo usipeleke kachumbari ya nyumbani. Usipeleke pia kitu chenye nyama ya ng'ombe, hata kwa kuhani wa Zhengyi, maana ng'ombe ni mmoja wa wanyama wanne ambao Watao hawawali kabisa. Chakula huliwa kimya, na bakuli linamalizwa. Pakua kidogo.

Kalenda

Watu wa Pwani wataielewa haraka, kwa sababu ni ya mwezi. Tofauti ni mbili. Mwezi wa Kichina huanza siku yenyewe mwezi unapozaliwa, hausubiri kuandama, ndiyo maana tarehe zao hutangulia za Kiislamu kwa siku moja au mbili. Pili, wao huongeza mwezi wa 13 baada ya kila miaka miwili au mitatu, hivyo sikukuu zao hazihami majira.

Siku tatu kubwa ni tarehe 15 za mwezi wa 1, wa 7 na wa 10. Zinaitwa *sanyuan*, asili tatu: ya mbingu inayoleta baraka, ya ardhi inayosamehe makosa, ya maji inayoondoa maafa. Mfanyabiashara anayeshuka kituo cha metro cha Sanyuanli anasoma herufi hizo hizo ukutani kila siku.

Ile ya mwezi wa 7 ndiyo inayohitaji uangalifu hata kwa asiyekwenda hekaluni. Jioni watu huchoma karatasi za pesa za marehemu kando ya barabara, wakati mwingine ndani ya duara la chaki lililoachwa wazi upande mmoja. Pembeni huwekwa wali, matunda na kikombe cha pombe. Pita mbali. Usiruke majivu, usichote tunda, usipige picha. Watu wale wako kwenye maombolezo ya wazazi wao.

Kuna siku nyingine ambayo huwapotezea wageni nauli. Kila baada ya siku 10 hufika siku ya *wu*, na mahekalu mengi siku hiyo hayachomi udi wala hayafanyi ibada, kwani ni siku ya kuipumzisha ardhi. Fungua kalenda ya Kichina kwenye simu na utazame jina la siku. Likianza na herufi 戊, panga siku nyingine.

Ramli, hirizi na fedha

Kusini, hasa Guangdong na Hong Kong, utaona watu wakitikisa mkebe wa mianzi uliojaa vijiti vyenye namba, hadi kimoja kidondoke. Kisha hurusha vipande viwili vya mbao vyenye umbo la hilali, bapa upande mmoja na mviringo upande wa pili. Kimoja kikilala bapa juu na kingine mviringo juu, jibu ni ndiyo, namba imekubaliwa. Vyote mviringo juu, ni hapana. Vyote bapa juu, mungu amecheka, uliza upya kwa maneno yaliyo wazi zaidi. Namba hubadilishwa kwa karatasi ya shairi. Vijiti viwili vikidondoka pamoja, vyote hurudishwa.

Hirizi za Watao huandikwa kwa wino mwekundu juu ya karatasi ya njano. Wapo wanaoichoma na kunywa majivu yake kwa maji, jambo ambalo mtu wa Lamu au Zanzibar atalifananisha na kombe. Usinywe. Wino wa asili ni *zhusha*, madini yenye zebaki, na zebaki hudhuru figo na ubongo. Itundike au iweke pochini.

Kuhusu fedha, kaa macho nje ya lango. Anayekufuata na kusema ameona mkosi usoni mwako si mtawa, hata akivaa joho. Vilevile kataa kuandika jina kwenye daftari kabla hujaambiwa kiasi. Mwaka 2017 idara 12 za serikali zilitoa waraka wa kuzuia biashara ya namna hii, ikiwemo kushawishi watu wanunue udi wa bei kubwa. Sadaka halali hutumbukizwa kwenye sanduku ndani, kiasi chochote. Huduma kama dua ya mwaka huwa na bei iliyobandikwa na risiti. Ukiulizwa mnyama wa mwaka wako, aliyezaliwa Januari kwa kawaida huhesabiwa mwaka uliotangulia. Wengi hutaja mnyama asiye wao.

Sheria

Amri namba 144 ya serikali ya China ya mwaka 1994, pamoja na kanuni mpya za utekelezaji zilizoanza tarehe 1 Mei 2025, zinamruhusu mgeni kushiriki ibada katika hekalu, msikiti au kanisa lililosajiliwa. Hazimruhusu kuhubiri Wachina, kugawa vitabu vya dini wala kuanzisha kikundi. Hili linahusu pia maombi ya sebuleni ya wenzetu. Beba pasipoti halisi. Nakala ya simu haitoshi askari akiomba.

Pa kuanzia

Guangzhou, nenda hekalu la Sanyuan Gong, mtaa wa Yingyuan, mwendo mfupi kutoka kituo cha Jiniantang na si mbali na Xiaobei. Mapokeo yanasema lilijengwa mwaka 319 na Bao Jing. Binti yake, Bao Gu, alitibu watu kwa kuchoma majani makavu ya mmea wa *ai* karibu na ngozi, na ana ukumbi wake hapo. Panda ngazi za mawe polepole, zina mteremko mkali.

Beijing ni Baiyun Guan, alipozikwa Qiu Chuji, mtawa aliyesafiri hadi Afghanistan ya leo kuonana na Genghis Khan mwaka 1222. Wanaopenda milima waende Wudang, Hubei, ambako ukumbi wa shaba uliopakwa dhahabu wa mwaka 1416 uko kilele cha mita 1,612. Beba koti hata Julai.

Walioko Fuzhou wana kitu chao, huko Changle. Mwaka 1431 Zheng He, amiri wa meli za China, alisimamisha jiwe la maandishi kumshukuru mungu wa kike wa bahari, Tianfei, na kuhani wa Zhengyi ndiye aliyeomba jiwe hilo lisimamishwe. Limeorodhesha wanyama waliotolewa katika safari iliyoanza mwaka 1417: kutoka Mogadishu pundamilia na simba, kutoka Barawa ngamia na mbuni. Barawa ni mji wa Chimwini, Kiswahili cha kaskazini kabisa. Jina lake limechongwa 卜剌哇. Litafute kwenye jiwe kwa herufi hizo.