Mswada wa Dakika Kumi Unaopigika kwa Siku Tatu

Anayeandika na kuongoza filamu yake mwenyewe, bila kampuni nyuma yake, ana faida moja: bajeti anaipanga akiwa bado na kalamu mkononi. Kwa hiyo, kabla ya kuandika, orodhesha ulivyonavyo: nyumba ya shangazi yenye ua, genge la mboga la jirani, ngalawa ya kuazima, waigizaji watatu wanaofika kwa wakati. Hadithi itoke humo. Ukiandika harusi ya watu mia, umejiandikia deni.

Ukurasa mmoja wa mswada uliopangwa kwa kawaida, herufi za Courier ukubwa wa 12, hutoa takriban dakika moja ya filamu. Kikosi kidogo hupiga kurasa tatu hadi nne kwa siku, mradi hakihamihami. Kuhama mara moja tu mchana hula saa mbili: kufungasha, foleni, kupanga taa upya. Lokesheni mbili zinatosha. Sini (matukio ya filamu) za nje usiku zinadai jenereta, mafuta, mlinzi na gari la kuwarudisha watu makwao. Nyingi zinaweza kuhamishiwa alfajiri bila hadithi kuumia.

Waigizaji wasome mswada wote kwa sauti kabla ya siku ya kwanza. Mazungumzo yenye Kiswahili cha taarifa ya habari hujulikana papo hapo, ulimi unakwama. Waache waseme walivyozoea, kisha andika upya. Salamu nazo humeza nusu ukurasa. Zibakize pale tu ambapo kijana kutoamkia ndiyo habari yenyewe.

Kibali usikiache mpaka mwisho. Tanzania Bara hutolewa na Bodi ya Filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976. Zanzibar utaelekea BASSFU, baraza la huko linalosimamia sanaa na filamu. Mjumbe wa mtaa naye apewe taarifa, maana ndiye atakayeulizwa kwanza mkianza kukusanya watu.

Filamu nyingi za fedha kidogo huharibikia kwenye sauti. Mtazamaji husamehe picha yenye chengachenga, lakini hasamehe neno lisilosikika. Maikrofoni iliyo kwenye kamera iko mbali mno na mdomo. Tumia ya kwenye fimbo, sentimita 30 hadi 60 kutoka kwa msemaji, na vipaza vya kubana kwenye nguo viwe akiba. Zima feni na friji. (Funguo za gari ziwekwe ndani ya friji hiyo, hakuna atakayeondoka akasahau kuiwasha na kumwozeshea mwenyeji samaki.) Nyakati za swala zijulikane mapema na chakula kipangwe hapo, la sivyo adhana itasikika katika shoti moja na kukatika ghafla katika inayofuata. Kabla ya kuondoka kila chumba, wote wanyamaze, rekodi ukimya wake kwa dakika nzima. Mhariri atazibia nyufa kwa huo.

Jua letu la saa sita hukaa utosini, macho ya mwigizaji yakawa mashimo meusi. Nje piga kabla ya saa nne asubuhi na baada ya saa kumi jioni, ukikumbuka kwamba karibu na Ikweta giza halibishi hodi. Ndani, umeme wetu ni wa hezi 50: weka fremu 25 kwa sekunde na shata (muda kamera inaopokea mwanga kwa kila fremu) sekunde 1/50, vinginevyo taa za mirija zinaweza kupepesa kwenye picha, na kasoro hiyo ni ngumu kuiondoa baadaye.

Kadi ya kamera isifutwe mpaka kuwe na nakala kwenye diski mbili, zikilala nyumba mbili tofauti.

Filamu ikikamilika, zuia kidole chako kwenye YouTube. Matamasha mengi hutaka filamu ambayo haijawekwa hadharani. ZIFF ya Zanzibar na mengine huwa na masharti yake ya urefu na tarehe. Yasome kabla ya kulipa ada. Na wimbo wa taarabu ulioutumia unahitaji idhini mbili, ya mtunzi na ya mwenye rekodi, zote kwa maandishi.