Jinsi ya kukata rufaa ya unyang'anyi wa kutumia silaha pale ushahidi ni wa kutambuliwa tu

Mwongozo huu ni kwa familia ambayo ndugu yao ametiwa hatiani na Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi, Tanzania Bara. Adhabu ya kosa hili haipungui miaka 30 jela. Kwa hiyo anzeni siku ileile ya hukumu, hata kama hamjapata wakili.

Notisi ya kusudio. Mfungwa ana siku 10 tangu hukumu kutoa notisi kwamba anakusudia kukata rufaa Mahakama Kuu. Si lazima mtu aende masijala: anaiandika gerezani na kuikabidhi kwa mkuu wa gereza, ambaye huipeleka mahakamani. Aombe abaki na nakala yenye tarehe.

Nakala. Wiki hiyohiyo, andikeni barua kwa mahakama iliyotoa hukumu mkiomba nakala ya hukumu na ya mwenendo wa kesi, yaani kumbukumbu za yote yaliyosemwa mahakamani. Gongesheni muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yenu. Petisheni ya rufaa, yaani hati yenye sababu za rufaa, inatakiwa ndani ya siku 45 tangu hukumu, ila siku mlizosubiri nakala hazihesabiwi. Barua yenye muhuri na tarehe mliyokabidhiwa nakala ndizo zitakazowatetea ikibishaniwa.

Kusoma mwenendo. Hapa ndipo rufaa nyingi za aina hii zinapopata nguvu au kuikosa, na hapa ndipo ningeomba mtumie muda wenu mwingi. Tangu kesi ya Waziri Amani dhidi ya Jamhuri (upande wa mashtaka), mwaka 1980, Mahakama ya Rufani inasema ushahidi wa kutambua kwa macho ni dhaifu na usitegemewe mpaka uwezekano wote wa kukosea uwe umeondolewa. Chukueni kalamu, mpitie maneno ya kila shahidi aliyedai kumwona ndugu yenu. Alimwangalia kwa muda gani? Kwa umbali gani? Ilikuwa usiku? Kama kulikuwa na taa, ilikuwa ya aina gani, iliwekwa wapi, mwanga wake ulikuwa mkali kiasi gani? Shahidi anayesema tu "kulikuwa na mwanga" hajasema la kutosha.

Kisha tafuteni alichosema shahidi mara baada ya tukio. Kama anadai alikuwa akimfahamu, alimtaja kwa jina kwa majirani waliokimbilia kelele, au kituoni siku hiyo? Kesi ya Marwa Wangiti Mwita, ya 2002, inasisitiza kwamba kumtaja mtuhumiwa mapema kabisa kunaupa ushahidi uzito. Kuchelewa bila maelezo kunazua shaka. Kama hakuwa akimfahamu, alieleza polisi mtuhumiwa anafananaje kabla ya gwaride la utambulisho, ambapo mtuhumiwa hupangwa mstarini na watu wengine ili shahidi amchague? Gwaride lenyewe lilifanyika? Kumnyooshea kidole kizimbani, bila gwaride lililotangulia, hakuna thamani kubwa.

Angalieni pia kama kuna ushahidi mwingine, hasa mali iliyoibwa kukutwa kwake au maelezo ya kukiri. Ukiwepo, sababu za rufaa lazima ziujibu, kuukwepa hakusaidii.

Petisheni. "Sikutenda kosa" haitoshi. Andikeni hivi: "Hakimu alikosea kumtia hatiani mrufani kwa ushahidi wa shahidi wa kwanza, ambaye hakueleza chanzo wala ukali wa mwanga wakati tukio lilikuwa saa nane usiku." Kila sababu na namba yake. Wajibu wa kuthibitisha ni wa Jamhuri, pasipo kuacha shaka yoyote ya msingi, na Mahakama Kuu, kwenye rufaa ya kwanza, inaupima ushahidi upya. Wekeni hoja zenu zote hapa. Hoja ya ushahidi ambayo haikutajwa Mahakama Kuu, kwa kawaida Mahakama ya Rufani haitaipokea.

Petisheni nayo hupitia kwa mkuu wa gereza. Asiye na uwezo wa kulipa wakili aulizie watoa huduma waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017.

Mkichelewa, wasilisheni Mahakama Kuu maombi ya kuongezewa muda, yakiambatana na kiapo kinachoeleza ucheleweshaji wote. Kama notisi ilikwama gerezani, kiapo cha ofisa wa gereza kina uzito.

Rufaa ikigonga mwamba Mahakama Kuu, notisi ya kwenda Mahakama ya Rufani hutolewa ndani ya siku 30 tangu uamuzi huo. Huko majaji hawaingilii kirahisi ukweli uliokubaliwa na mahakama mbili za chini, isipokuwa waoneshwe kwamba ushahidi haukueleweka vizuri.