Jinsi ya kuomba mtoto wa nje aingizwe kwenye ukoo, Norway ya karne ya 12

Haya, tuseme wewe ni baba mwenye shamba kule Norway ya magharibi, miaka ya 1100 na kitu, una mke na watoto wa ndoa, halafu kuna kijana mmoja hivi ambaye kijiji kizima kinajua ni wako maana mmefanana mpaka pua, ila mama yake hukumtolea mahari. Sasa unataka awe mtoto kamili. Utaratibu upo, umeandikwa kwenye sheria ya Gulating, lile baraza kubwa la watu wa magharibi lililokuwa linakutana Gulen, na wanauita kumwongoza mtu kwenye ukoo. Hakuna fomu wala muhuri wala foleni dirishani, vinavyotakiwa ni pombe, maksai na kiatu kimoja. Sitanii.

Kabla hujakimbilia kuchinja, jua kwanza mtoto wako yupo kundi gani, maana sheria imewapanga. Kuna wa mwanamke huru ambaye ulikuwa unaenda kwake mchana kweupe watu wanaona, ila mahari ndo hukutoa. Kuna wa mwanamke huru mliyekutana kwa kujificha, huyo jina lake kwa lugha yao linatokana na neno la vichaka, sasa hebu fikiria unakua unaitwa hivyo. Na kuna wa mjakazi, huyo anatakiwa apewe uhuru wake kwanza ndo mengine yafuate, mtumwa haongozwi kwenye ukoo wa mtu. Na usiseme mahari ilikushinda, sheria ilikuwa na kiwango cha chini kabisa kwa ajili ya maskini, øre 12 (øre na mark ni vipimo vya uzito vya kupimia fedha na dhahabu), yaani mark moja na nusu kwa sababu mark moja ni øre 8. Chini ya hapo mke si wa ndoa, na watoto hawahesabiki kama wa ndoa.

Kwa nini usumbuke? Kwa sababu asipoongozwa, kwenye mirathi anasukumwa chini kwenye foleni, nyuma ya ndugu ambao hata hawajawahi kula kwako. Halafu kuna suala la fidia ya damu. Mtu akiuawa, ndugu wa muuaji wanachangishana na ndugu wa marehemu wanagawana, kila mmoja kwa kadiri ya ukaribu, upande wa kiumeni na upande wa wanaounganishwa kupitia wanawake. Kwahiyo kujua nani ni ndugu na wa daraja gani ilikuwa hesabu ya fedha kabisa. Hapa niseme kitu, nikisema ukoo usiwaze ukoo wenye jina moja na babu mmoja mnaozikana naye, wale watu walihesabu undugu kwa baba na kwa mama, so wewe na binamu yako hamna ukoo uleule, kila mtu ana mduara wake. Upande wa baba ulikuwa na uzito zaidi, hilo kweli, ila wajomba walikuwemo na walilipa.

Haya sasa hatua ya kwanza, na ndo ngumu kuliko zote: mrithi akubali. Yule ambaye angerithi kama huyu kijana asingekuwepo lazima aseme ndiyo, maana ni fungu lake linakatwa. Kama una watoto wa ndoa wakubwa, ni hao. Huwezi kuamua peke yako eti kwa sababu mali ni yako, kwao mali ya baba tayari ina macho ya watoto juu yake. Kwahiyo kaa nao mapema, ongea nao vizuri, usisubiri siku ya sherehe ndo uwashtukize mbele ya wageni.

Wakishakubali, pika pombe. Sheria inataja kiasi, vipimo vitatu vya kimea, si kitu cha kukisia, na kiasi hicho kinamaanisha watu wanakuja wengi, na wakija wengi mashahidi ni wengi, ndo maana yake. Mtumwa aliyeachwa huru naye alitakiwa apike pombe yake ya uhuru. Kwao jambo lisilonywewa pombe halijafanyika.

Halafu chinja maksai wa miaka mitatu, si ndama wala si ng'ombe mzee aliyechoka kulima. Chuna ngozi ya mguu wa kulia, shona kiatu, kiweke pembeni ya pipa la pombe. Kimoja tu, kinatosha.

Sasa fuata mpangilio vizuri maana hapa ndo penyewe. Wewe baba unaingiza mguu kwanza. Anafuata yule kijana anayeongozwa. Anafuata mrithi wako, halafu ndugu wengine. Watoto wako wa ndoa ambao bado wadogo unawabeba mikononi, wale wakubwa wanaingiza mguu wao wenyewe. Huna watoto wa ndoa? Basi anaingia yule ndugu anayefuata kwenye mirathi. Mimi nikiangalia naona kiatu ndo sahihi yenyewe, kwa sababu mrithi anaweza kesho kusema mdomo uliteleza, lakini mguu uliouchomeka kwenye kiatu kibichi cha ng'ombe mbele ya majirani waliolewa kwa pombe yako utaukana vipi?

Mguu ukishaingia, tamka. Useme kwa sauti kwamba unamwongoza mtu huyu kwenye mali unayompa, kwenye kulipwa na kurithi, kwenye fidia na haki zote, sawasawa na kama mama yake angetolewa mahari. Hilo la mwisho usilisahau, ndo linaloziba lile pengo la mwanzo.

Ukifa kabla hujafanya haya, mtoto yupo matatani. Kwa wakubwa ilikuwa hivyohivyo. Mfalme Håkon Håkonsson wa Norway alizaliwa 1204 baba yake ameshafariki, akatawazwa 1217, na mwaka uliofuata mama yake, Inga wa Varteig, akabeba chuma cha moto kule Bergen, ndo mtihani wa kuthibitisha mtoto ni wa nani. Akapita. Ila kanisa bado lilihesabu huyo ni wa nje ya ndoa, ikabidi Papa Innocent IV amsafishie hali yake ndo akavishwa taji 1247. Ni Håkon huyohuyo ambaye 1260 aliwatoa ndugu kwenye kulipa fidia ya damu, muuaji abebe mzigo wake.

Na mrithi akikataa je? Iceland, kwa watu waliohamia kutoka Norway, inasimuliwa kuhusu Höskuldr aliyekuwa na mtoto, Óláfr, kwa mjakazi aliyenunua. Alipokaribia kufa akaomba Óláfr arithi sawa na wenzake, Kati ya watoto wake wa ndoa, Bárðr akakubali, Þorleikr akagoma. Mzee akasema sawa, basi sheria inaniruhusu nimpe øre 12, Þorleikr akasema hewala kama ndo sheria. Akilini kwake øre 12 ni za fedha. Mzee akamvalisha Óláfr bangili ya dhahabu yenye uzito wa mark nzima, akampa na upanga wa thamani ya nusu mark ya dhahabu, jumla øre 12 za dhahabu kamili. Þorleikr alinuna kweli, alijua kapigwa, ila ndiyo alishasema.