Namna ya Kutambua Mahali Kifafa Kinapoanzia Ubongoni

Kifafa cha sehemu moja ya ubongo huanzia upande mmoja tu, na ishara ya kwanza kabisa, hata ikidumu sekunde chache, humweleza daktari mengi kuliko kuanguka kunakofuata. Kwa hiyo muulize mgonjwa, akisharejewa na fahamu, alihisi nini mwanzoni.

Hisia inayopanda kutoka tumboni hadi kooni, harufu isiyokuwapo, au kuona kana kwamba jambo hilo hilo limewahi kumtokea, mara nyingi huelekeza kwenye eneo la ubongo lililo karibu na sikio; mgonjwa wa namna hii huweza kukodoa macho, kutafunatafuna na kupapasa nguo zake bila kujibu, hali ambayo wengi huidhania kuwa ni mashetani. Vimulimuli vya rangi huashiria kisogoni. Mishtuko mifupi ya kifafa inayotokea usingizini na kurusha viungo huashiria sehemu ya mbele. Mkono wa kulia ukianza kutetemeka peke yake, chanzo huwa kushoto, kwa kuwa kila upande wa ubongo huendesha upande wa pili wa mwili.

Andika saa, muda na kiungo kilichotangulia, au rekodi video kwa simu baada ya kumweka mgonjwa salama, ili daktari alinganishe na kipimo cha umeme wa ubongo na picha ya ndani ya ubongo iitwayo MRI. Kipimo cha umeme kikitoka safi hakithibitishi kwamba hakuna kifafa. Mshtuko ukizidi dakika 5, acha kuandika na umkimbize hospitali.