Dokumentari ya Dar inayobadilika, anzia Feri

Jamani ukitaka kuionyesha Dar inavyobadilika kwenye TV usikimbilie kurusha droni juu ya maghorofa ya Posta, shoti hiyo kila mtu anayo. Chagua sehemu moja uing'ang'anie. Mimi nakushauri Kivukoni, maana pantoni ya Kigamboni inatia nanga hapo, soko la samaki la Feri liko jirani, na mabasi ya mwendokasi yalianza kufika 2016, mwaka uleule lilipofunguliwa daraja la Kigamboni, yani Dar ya zamani na ya sasa zinapishana mbele ya kamera wala hulazimishi kitu.

Kibali cha Bodi ya Filamu kishughulikie mapema, droni nayo ina kibali chake.

Fika alfajiri kabla jua halijawa kali. Geti la pantoni likifunguka watu wanatoka kwa mkupuo, baiskeli, bodaboda, mama na ndoo ya samaki kichwani, we tulia na kamera chini usawa wa miguu, na sauti irekodi kwa maiki ya pembeni kwa sababu upepo wa bahari unaharibu kila kitu.

Kwenye mahojiano anza na shikamoo, kaa kwanza bila kamera, halafu uliza, "Mzee, hapa zamani palikuwaje?" Ukishauliza nyamaza kabisa, akinyamaza na yeye usikate, hapo ndo maneno mazito yanakuja.

Baada ya miezi sita rudi palepale, engo ileile.