Kabla Hujapanda Latrigg

Latrigg ni kilima chenye mita 368 tu. Kiko juu ya mji wa Keswick, kaskazini-magharibi mwa Uingereza, katika hifadhi ya taifa ya Lake District, na mgongo wake ni majani mafupi yanayolishwa kondoo. Nyuma yake umesimama mlima Skiddaw wenye mita 931, kwa hiyo watu hukiona kitoto. Wengi hukipanda na nguo zilezile walizojia mjini kunywa chai. Hilo ndilo linanitia wasiwasi, kwa sababu majani yale yanayokuvutia ndiyo yanayoangusha watu.

Anza na viatu. Majani yakilowa hulalia upande wa bondeni, na chini yake pana utando wa tope. Kupanda hutaona shida. Shida ni kushuka: kisigino kinateleza, mkono unatafuta pa kushika, na pale hakuna mti wala jiwe. Geuza kiatu chako kabla hujatoka nyumbani, upitishe kidole kwenye soli. Kama hukuti mifereji yenye kina, hicho si kiatu cha kilimani, hata kiwe kipya.

Mvua usiibahatishe. Seathwaite, kijiji kilicho kusini mwa Keswick, hupata zaidi ya milimita 3,000 kwa mwaka. Koti la mvua liwe begini hata kama asubuhi jua linawaka, pamoja na sweta na kofia, maana kileleni hakuna kinachokukinga upepo. Suruali ya jinzi iache: ikilowa inakuwa nzito na kukunyonya joto la mwili. Sikiliza pia utabiri wa vilimani wa Lake District Weatherline, kwa kuwa wa mjini hautoshi.

Kuhusu muda, mwezi Desemba jua huzama kabla ya saa kumi alasiri, kwa hiyo saa sita mchana ikukute tayari njiani. Juni mwanga hufika saa tatu usiku na zaidi. Vyovyote vile beba tochi. Chaji ya simu iwe ya kuombea msaada.

Njia ziko kadhaa. Kutoka Keswick unafuata Spooney Green Lane, unavuka barabara ya A66 kwa daraja, kisha unapanda kando ya msitu. Lakini kama uko na mzee mwenye magoti mabovu, mtoto wa kigari au mtu wa kiti cha magurudumu, nendeni kwa gari hadi mwisho wa Gale Road. Kutoka hapo ilitengenezwa njia yenye mwinuko wa taratibu kwa ajili yao hasa, na nafurahi sana kila ninapoona bibi akifikishwa juu na wajukuu zake. Maegesho ni madogo, wahini mapema.

Mbwa afungwe kamba fupi. Katika maeneo ya wazi ya kutembea, kati ya Machi 1 na Julai 31, sheria inataka isizidi mita mbili. Geti liache ulivyolikuta. Ukipita kwenye kangaga wakati wa joto, jioni kagua miguu na nyuma ya magoti, kwani kupe wa huko huweza kuambukiza ugonjwa wa bakteria uitwao Lyme.

Mtu akiumia, piga namba ya dharura 999, omba polisi, kisha uombe Mountain Rescue, yaani kikosi cha uokoaji milimani. Watakaokuja ni watu wa kujitolea. Mtandao ukiwa dhaifu, ujumbe mfupi huweza kupita, ila lazima uwe umejisajili: tuma neno "register" kwenda 999 ukiwa bado nyumbani. Filimbi nayo isikose: mipulizo sita ndani ya dakika moja, unatulia dakika moja, unarudia.

Karibu na kilele kuna benchi linalotazama ziwa Derwentwater. Vaa sweta kwanza ndipo ukae, kwa sababu jasho hupoa upesi na utakaa pale zaidi kuliko ulivyopanga.